Yule Dada wa Upanga Alikuwa Mama Yangu

Mama yangu amekufa mara nyingi kuliko mtu yeyote ninayemfahamu. Amekufa kwa upanga, amekufa kwa sumu iliyotiwa kwenye chai, amekufa kwa teke la kifua lililomrusha mpaka kwenye ghala la mchele, na mara moja alikufa kwa aibu, baada ya kugundua kwamba mchumba wake ndiye aliyemuua baba yake. Vifo vyote hivyo alikufa akiwa ameketi kwenye stuli, Tanga, ndani ya banda la video lenye bati la moto, maiki mkononi na kanga begani. Akimaliza kufa anainuka anakwenda kununua vitumbua.

Kwa wasiowahi kukaa banda la video, nieleze. Filamu za kareti za zamani zilitufikia zikiwa za Kichina, na mtaani hapakuwa na mtu anayejua Kichina. Kwa hiyo kando ya televisheni alikaa mtafsiri na maiki yake, akawaambia watu nini kinasemwa. Mtafsiri naye Kichina hakijui. Hilo halikumsumbua mtu. Baba yangu alikuwa mtafsiri wa namna hiyo: anatazama midomo, anatazama nyusi, halafu anatunga. Alimfanya stelingi, yaani shujaa wa filamu, akamfanya adui, mganga, chifu wa kijiji na farasi. Wanawake ndio waliomshinda. Akimfanya mwanamke anatoa sauti ya beberu aliyebanwa na mlango, na wateja walikuwa hawamwachi: "Dada mzuri vile unampa sauti yenye ndevu!"

Mama alikuwa anauza karanga na maji ya baridi pale mlangoni. Siku moja, majambazi sita wanamuuliza mwanamke kama yuko tayari kufa, Baba ameinama anatafuta betri ya maiki. Mama akajibu kutoka mlangoni, ndoo bado iko kichwani: "Mimi tayari. Nyie je, mmeaga kwenu?" Banda likalipuka. Wiki iliyofuata kulikuwa na maiki mbili. Baba anasema alimpa. Mama anasema alimnyang'anya.

Tangu hapo yule mwigizaji akawa wa Mama. Jina lake hatulijui mpaka leo, maana maandishi ya mwanzoni yalikuwa ya Kichina na Baba aliyasoma kwa kusema, "Inaanza, kaeni." Uso ndio walioujua. Kwenye filamu ya kwanza waliyompata alikuwa amebeba sinia la chai, akatupwa dirishani kabla watu hawajatulia kwenye mabenchi, basi, kazi yake imeisha. Mama akampa sentensi moja: "Jamani, sinia la watu!" Baadaye akawa mdogo wake stelingi, halafu mchumba wa stelingi, mwisho akawa stelingi mwenyewe, nywele juu, upanga mgongoni, anakimbia juu ya mapaa kama paka wa mtaa wa Ngamiani. Kanda zake zilijaza banda mpaka watu wakatazamia madirishani. Kisha zikaanza kuja kanda nyingine ambazo yeye ni mama wa stelingi, amelala kitandani, anakohoa, anatoa wosia, anakufa kabla vita havijaanza. Uso ni uleule, kunyanzi hana hata moja, wamempaka unga tu kwenye nywele. Mama alikasirika kana kwamba amefanyiwa yeye.

"Juzi anaruka mapaa, leo anakohoa? Mimi sikohoi."

Akakataa kabisa kumkoholea. Ikabidi akohoe Baba, na mgonjwa akarudishiwa ndevu zake.

Filamu zilizopendwa sana walizirekodi. Deki mbili, waya kibao, moja inacheza na nyingine inameza, wao katikati na maiki zao. Ukisikiliza kanda hizo unasikia Kichina kikiendelea kwa chini, kama maji kwenye bomba la jirani, na juu yake Baba na Mama. Hiyo ndiyo sauti ya filamu niliyokua nayo. Wala sikujua kwamba kuna watu duniani wanaotazama filamu yenye sauti moja.

Kanda moja tu ilivuka nasi tulipohama kufuata kazi Doha, imefungwa kwenye gauni la Mama la sendoff. Humo yule dada yuko kwenye kilele chake. Katikati ya pambano Mama anasimamisha upanga hewani na kusema, "Kabla sijakukata hicho kichwa, nawasalimu wote wa barabara ya kumi na mbili, na fundi baiskeli wetu pale kona, gurudumu limepasuka tena." Mbele kidogo yule dada anajishika tumbo, nadhani amepigwa, lakini Mama wakati huo alikuwa na mimba yangu ya miezi minane, basi akasema: "Subirini kwanza. Kuna mtu ananipiga teke huku ndani. Huyu atakuwa stelingi huyu, kama si adui." Na mwishoni kuna jambo ambalo mabanda mengine hayakuwa nalo. Yule dada anakufa. Sasa stelingi hafi, hiyo ni sheria, wateja walikuwa wanavunja mabenchi kwa mambo kama hayo. Mama alilitatua hivi: maiti imelala, macho yamefumba, damu mdomoni, na Mama anavuta pumzi na kuendelea kuongea. "Sijafa jamani. Nimepumzika tu, nina siku ndefu." Anaongea hivyo mpaka maandishi yanaisha. Watu walitoka wameridhika.

Doha Baba aliendesha basi la mafundi kuwapeleka Lusail, mji ambao wakati huo ulikuwa mchanga na winchi. Mama alipata kazi kwenye chumba cha kufulia cha hoteli. Tuliishi vyumba viwili kwenye vila iliyokatwakatwa kwa mbao, ambamo ukipiga chafya upande huu unaombewa rehema kwa lugha tatu upande wa pili. Kule hotelini mashine zinanguruma kama ndege, na Mama ndiye aliyekuwa anasikika. Msimamizi wao akitaka mashuka ya ghorofa ya tisa anamfuata Mama, Mama anapaza sauti mara moja, watu wote ishirini wanageuka. Nilimwambia wangempa upanga kabisa.

Halafu sauti ikaanza kukwaruza. Tukadhani ni mvuke na sabuni. Baba akamtania, "Bibie, ndiyo unakubali kukohoa sasa, umechelewa, filamu imeshauzwa." Mama akamrushia kandambili. Lakini shingoni palikuwa pameota kitu, mwanzo kama kokwa ya ubuyu, baadaye kama limau, na Mama akawa anafunga mtandio hata ndani ya nyumba. Hospitali wakasema kitolewe. Daktari alikuwa mpole, na upole wake ndio ulionitisha. Akachora kwenye karatasi: huu uvimbe, huu mshipa unaoendesha sauti, vimekumbatiana. Wangejaribu kuvitenganisha. Hakuahidi kitu. Mama akasaini.

Tukapanda teksi ya kurudi. Tulipofika akaitoa ile kanda kutoka kabatini, akaifuta vumbi kwa mtandio.

"Mwenzako yule Mkenya baba yake ana deki. Hamishieni hii kwenye kompyuta. Nikiamka sina sauti, angalau niwe najisikia."

"Nikurekodi kwenye simu basi, sasa hivi."

"Hii?" Akajishika shingo. "Hii siyo yangu. Yangu imo humu. Na usiniletee hadithi, we kijana, nakujua."

Ananijua kweli. Mimi ndiye niliyebadilisha mlio wa simu ya mwalimu wa hesabu ukawa mlio wa punda. Mimi ndiye niliyemwambia mgeni kutoka nyumbani kwamba Doha ukivuka barabara lazima umsalimie askari kwa kuinama, na akainama wiki nzima. Kunipa mimi kazi yenye thamani ni sawa na kumpa mbuzi ufunguo wa bustani, lakini deki nyingine hatukuijua.

Mkenya nilisoma naye darasa moja. Siku za Ijumaa, ambayo Doha ndiyo siku ya mapumziko, wazazi wake walikwenda Mesaimeer kanisani na kurudi saa nane. Ijumaa hiyo aliwaambia tumbo linamuuma. Mimi niliaga nakwenda kujiandaa kwa swala. Kwa hiyo tulikuwa waongo wawili wa dini mbili mbele ya deki moja kubwa, ambayo baba yake aliinunua soko la mitumba ili aokoe kanda ya harusi yake.

"Manze, cheki, iko na place ya maiki," akasema. Kiswahili chake kilikuwa kimepata ajali mbaya sana utotoni. "Na hii button ni ya kuweka sauti. Tucheze kwanza, kazi baadaye. Si tuko na masaa?"

Kanda ilikuwa imekatwa kile kipande cha plastiki ubavuni, kinachokatwa ili mtu asirekodi juu yake. Baba alikikata mwenyewe siku ilipotoka. Mtu mwenye akili angejiuliza kwa nini. Mimi nikaziba lile tundu kwa karatasi ya gundi, maana ujanja huo nilikuwa naujua tangu darasa la tatu, na nikajisifu.

Naomba mnielewe hapa, si kwa kunisamehe, kunielewa tu. Maisha yangu yote nilikuwa nimesikia sauti juu ya sauti. Kichina chini, Mama na Baba juu, hakuna aliyemfuta mwenzake. Nikadhani ndivyo kanda zilivyo. Nikadhani na mimi nitakaa juu yao, ghorofa ya tatu, na siku Mama akinisikia atacheka mpaka apaliwe. Kwenye deki ile ya Mkenya kitufe kile kilikuwa na kazi nyingine: kinaacha picha kama ilivyo, kinafuta sauti ya zamani, kinaweka mpya. Na tulikuwa tumezima spika ili maiki isipige kelele, kwa hiyo hatukusikia chochote kikifa.

Tulifurahi sana. Hilo ndilo linaloniumiza, kwamba ile ilikuwa Ijumaa nzuri kuliko Ijumaa zote za mwaka ule. Yule dada alipochomoa upanga nilimfanya mwalimu wa hesabu: "Nani amekula chaki yangu?" Mkenya akawa majambazi wote: "Tulia buda, ni msee wa nyuma!" Alipojishika tumbo niliweka mdomo kwenye mkono nikapuliza mshuzi mrefu, wa kitaalamu, na Mkenya akaanguka kutoka kwenye kochi. Alipokufa tulikuwa tumechoka kucheka. Nikaachia kitufe kidogo, nikameza mate, nikakibonyeza tena, nikasema, "Haya, kafa huyo. Twende tukale."

Tukala. Tuliporudi tukawasha spika ili tuanze kuhamishia kwenye kompyuta. Tukasikiliza dakika moja. Kisha Mkenya akaenda kusimama dirishani.

"Peleka mbele," nikamwambia.

Akapeleka mbele. Mimi. Akapeleka mbele tena. Mimi, yeye, mimi. Kichina chenyewe kimekwenda. Yule dada anafungua mdomo wake mzuri na ninatoka mimi, na wakati ule sauti yangu ndiyo kwanza ilikuwa inavunjika, kwa hiyo akarudi kuwa beberu.

"Labda mtu Tanga ako na ingine," akasema, bila kugeuka.

Nikarudisha kanda kwenye gamba lake. Nyumbani Mama aliniuliza. Nikasema imekwisha, iko kwenye kompyuta ya mwenzangu, ataileta. Akaniuliza inasikika vizuri? Nikasema vizuri kabisa.

Zilibaki siku tisa kabla ya upasuaji. Nilimwandikia binamu yangu Tanga akaulize. Banda sasa ni duka la vifuniko vya simu. Mwenye banda amehamia Korogwe, na kanda zake zote alizigawa kwa mtu wa kuku, ambaye alitumia ule utepe mweusi kufungia mabanda na kutishia kunguru. Binamu akanitumia picha: utepe unameremeta kwenye matundu, kuku wanatazama kamera. Nikawaza huenda Mama anawaambia wale kunguru kitu.

Kila siku nilisema kesho nitamwambia. Siku ya siku, wamemlaza kwenye kitanda cha magurudumu, kofia ya plastiki kichwani, Baba anamtania kwamba amefanana na mpishi wa baharini, Mama akaniita kwa kidole. Nikainama. Sauti ilikuwa imebaki kama mlango wa kabati.

"Ile kanda. Umeiweka vizuri?"

"Ndiyo, Mama."

Akaitikia kwa kichwa, wakamsukuma. Neno lake la mwisho lenye sauti, hata ile mbovu, lilikuwa swali, na mimi nikalijibu hivyo.

Uvimbe ulitoka. Maisha yake hayakuwa hatarini, daktari alilisema hilo mara tatu kama mtu anayetoa zawadi. Sauti haikurudi. Walisema tusubiri miezi sita, tukasubiri minane. Kilichobaki ni upepo wenye umbo la maneno, na ukiwa mita mbili husikii kitu. Hotelini wakamtoa kwenye mashine wakamweka kukunja vitambaa vya meza, peke yake, kwenye chumba kimya. Nyumbani akinihitaji anagonga sufuria kwa kijiko: mara moja ni mimi, mara mbili ni Baba. Nimekuwa mwepesi wa kuitika kuliko nilivyowahi kuwa. Baba, mtu aliyemfanya farasi, siku hizi anaongea kidogo sana ndani, kama anaona haya kuwa na sauti.

Kwa ile kanda nilisingizia kila kitu. Kompyuta imeharibika, Mkenya amesafiri, tuna mitihani. Mwisho Baba alichoka. Akaenda mwenyewe soko la mitumba siku yake ya mapumziko, akarudi na deki kwenye mfuko wa mchele, jasho linamtoka, anatabasamu.

"Bibie, leo tunakwenda banda."

Alipanga viti viwili vya plastiki na mto wangu chini, mbele kabisa, mahali pa watoto. Akakaanga karanga. Nilisema kichwa kinaniuma. Baba akasema kichwa kinapona mbele ya kareti, kaa chini, bwana mdogo. Ningeweza kusema pale. Mdomo ulifunguka kabisa. Baba akaibonyeza deki.

Maandishi ya Kichina yakapita. Baba, kwa mazoea, akasema, "Inaanza, kaeni," na Mama akacheka upepo. Kisha yule dada akachomoa upanga na kuuliza nani amekula chaki yake.

Baba alidhani ameweka kanda siyo. Akaitoa, akaisoma mgongoni, akaona ile karatasi ya gundi ubavuni. Akanitazama. Nilijua mkono unakuja na niliungoja, naapa niliutamani, lakini Mama akamshika kiwiko. Akaonyesha kwa kidole: irudishe.

Tukaitazama yote. Hakuna aliyekula karanga. Mama alikuwa anasogeza midomo yake, maneno yake ya zamani, sentensi kwa sentensi, na juu yake nikawa napayuka mimi. Ilipokaribia pale pa tumbo alijivuta mbele kwenye kiti. Nilitaka kuamka nizime, nikabaki juu ya mto. Yule dada akajishika tumbo, na ule mshuzi ukatoka, mrefu kuliko nilivyoukumbuka, hauishi, na kwa nyuma Mkenya anaanguka kwenye kochi na mimi nacheka, nacheka kwa furaha kubwa ya mtoto ambaye hajui kitu.

Mama hakunitazama. Aliweka kiganja tumboni kwake, juu ya dera, akakiacha hapo.

"Mama, nilidhani inakaa juu," nikasema. "Nilidhani ninyi mko chini yake."

Baba akasema, "Nyamaza." Si kwa ukali.

Mwishoni yule dada akaanguka. Damu mdomoni, macho yamefumba, majani yanapeperuka juu yake. Ukafika ule upenyo nilipoachia kitufe nikameza mate. Na hapo, kwenye kimya, maiti ikavuta pumzi. Ndefu, safi, ya mwanamke wa miaka ishirini na kitu mwenye kifua kizima na mengi ya kusema. Nyuma yake chembe ya Kichina, mahali pekee ambapo kitufe hakikufika.

"Haya, kafa huyo," nikasema mimi kwenye televisheni. "Twende tukale."

Mama akagonga kiti kwa kijiko. Mara moja: mimi. Akanizungushia kidole, rudisha nyuma. Nikapiga magoti mbele ya deki, nikarudisha. Akavuta pumzi. Nikamuua. Akagonga tena.